Pini Midomoni mwa Alvina

Alvina Loomis alikuwa mwanamke wa pini. Ukimkuta asubuhi, ukimkuta jioni, pini zimepangwa midomoni mwake kama meno ya ziada, na bado anazungumza. Waliomzoea hawakushangaa. Mgeni ndiye aliyejishika kifua, akingoja siku atakapozimeza.

Hakuzaliwa nazo, ingawa mama yake alipenda kusema alizaliwa nazo. Alizaliwa Toledo, Ohio, binti wa mwoka mikate wa Kicheki aliyeitwa Hruska. Alipomaliza darasa la sita aliingizwa kwenye chumba cha washonaji cha Bi Dorsett. Humo ndani wasichana walikatazwa kuzungumza. Bi Dorsett alikaa mbele juu ya kiti kirefu na kazi yake ilikuwa moja, kutazama midomo. Mdomo ukicheza tu, mwenye mdomo anabaki jioni kufagia mabaki ya vitambaa. Basi wasichana wakajifunza. Kila mmoja alibana pini zake midomoni, kama kazi inavyotaka, na nyuma ya pini zile wakasengenyana, wakasimuliana ndoto, wakaimba, wakamwiga Bi Dorsett mwenyewe mpaka machozi yakawatoka. Bi Dorsett aliitazama safu ile ya midomo iliyofungwa asijue kelele zinatoka wapi. Maskini, alikuwa akiyalaumu mabomba ya mvuke.

Alvina ndiye aliyewapita wote. Hata yale maneno yanayotaka mdomo ubanwe kisha uachiwe, ambayo wenzake walikuwa wakiyakwepa, yeye aliyapitisha nyuma ya pini yakatoka safi.

Siku moja akaingia kijana mrefu, kofia mkononi, na kwapani amebeba mwanasesere wa mbao mwenye macho ya kuzunguka na taya la kufunguka. Jina lake Emmett Loomis. Alikuwa msemesha mwanasesere, mtu anayesema bila kuchezesha midomo ili sauti ionekane ya mwanasesere, anayezunguka na treni mji kwa mji kwenye majumba ya michezo, kati ya mrusha visu na mbwa wanaocheza dansi.

"Nahitaji koti," akasema. "Si langu. La huyu bwana Ambrose."

"Huyo si bwana, ni kuni," ikatoka sauti.

Emmett akageuka nyuma. Yeye, mtu anayekula mkate wake kwa kuwageuza watu shingo, aligeuza shingo yake kutafuta nani amesema. Aliona safu ya wasichana waliofunga midomo, na mmoja kati yao, mwenye nywele nyekundu, macho yake yanacheka.

"Ambrose," akasema polepole, "tumepatikana."

"Wewe ndiye umepatikana," Ambrose akajibu. "Mimi nimekuja kupimwa koti."

Koti lilipimwa mara nne, ingawa mwanasesere haongezeki wala hapungui. Majira ya kuchipua yalipofika wakaoana, na Alvina akapanda treni pamoja na sanduku la nguo, sanduku la Ambrose na kopo la pini.

Alizunguka na mumewe miaka mingi. Watoto hawakujaliwa. Alimfulia, alimpigia pasi mashati kwenye vyumba ambamo pasi ilikatazwa, alimkaangia mayai juu ya jiko la spiriti lililofichwa chini ya kitanda wenye nyumba wasilione. Jioni alisimama pembeni mwa jukwaa na kumsikiliza. Emmett hakuwa mchekeshaji mkubwa kuliko wote, lakini alikuwa na kitu kimoja ambacho wenzake walikitambua: midomo yake ilitulia kama ya sanamu. Walimwita Loomis wa Midomo ya Jiwe. Hakuwa na shamba wala nyumba. Alikuwa na jina hilo.

Kisha, majira ya baridi ya mwaka 1926, walipokuwa Cleveland, koo likamvimba. Daktari akakuta uvimbe, akaukata. Emmett alipona. Aliporudi kusema, sauti ilikuwa nzito, yenye mikwaruzo, kama mtu anayeburuta kiti sakafuni. Kwa mazungumzo ilifaa. Lakini ile sauti nyembamba, ya kitoto, yenye ujeuri, haikurudi. Alimkalisha Ambrose gotini, akavuta pumzi, akajaribu. Taya la mbao likafunguka, likafungika. Ukasikika upepo tu.

Alifanya hivyo siku nyingi. Kisha akamlaza Ambrose sandukuni kifudifudi, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akakaa kitandani akitazama ukuta.

Alvina alikuwa akipinda suruali karibu na dirisha. Alimtazama mume wake, akalitazama sanduku. Akasema nyuma ya pini, kwa ile sauti aliyoisikiliza kila jioni tangu aolewe:

"Oyaa! Nani amenilaza nikanusa viatu?"

Emmett hakugeuka upesi. Mabega yalianza kutikisika, na Alvina hakujua kama analia au anacheka mpaka alipomkaribia, akakuta ni vyote viwili.

Ndivyo mchezo wao ulivyobadilika. Jukwaani likaongezwa kochi la zamani, na juu yake akakaa shangazi mmoja mshonaji, kofia ya lesi kichwani, kazi mapajani, pini midomoni. Shangazi hasemi kitu. Watu wanamtazama Ambrose, wanaitazama midomo ya Emmett kuona kama itacheza, wanarudi kwa Ambrose. Nani amtazame mama mtu mzima anayepinda shuka, tena mwenye mdomo uliojaa pini? Siri ya mtungi aijuaye kata, na kata ilikuwa imekaa pale kochini, mwanga wa taa ukiimulika.

Usidhani lilikuwa jambo dogo. Kwa watu wa jukwaani mlevi husamehewa. Aliyetoroka na mke wa mwenzake husalimiwa tena baada ya msimu mmoja. Lakini msemesha mwanasesere ambaye sauti si yake hana pa kuweka uso. Wangemwita tapeli, wangehama meza wakimwona anakula. Emmett alilijua hilo, na kila walipomaliza mchezo watu wakipiga makofi, aliinama haraka na kuondoka, kama mtu aliyevaa koti la mwenzake. Alvina alilijua pia. Akaapa moyoni kwamba jina lile, Midomo ya Jiwe, halitavunjika mikononi mwake. Akashona, akasema, akanyamaza.

Wakaishi hivyo mpaka sinema zilipoanza kusema.

Mwaka wa 1928 kampuni za filamu zilikuwa zikichota watu wa jukwaani kama mtu anayechota maji kisimani mvua haijanyesha. Mwimbaji, mpiga gitaa, mcheza dansi wa kugonga viatu sakafuni, kila mmoja anaitwa, anafanya mchezo wake mbele ya kamera, filamu fupi imekwisha. Barua ikamfikia Emmett: aje na Ambrose kwenye jumba la matofali huko Brooklyn, mtaa wa Flatbush.

Wakati ule walikuwa wamepanga Manhattan, nyumbani kwa Bi Hanratty, mjane wa Kiairishi aliyewapokea watu wa michezo tu na kuwafokea wote sawasawa. Mezani pale alikaa pia mzee Barlow Finch, msemesha mwanasesere wa zamani kuliko Emmett, mwenye mwanasesere wa kibaharia.

"Kwa hiyo unakwenda kusogezewa kamera puani," Finch akasema, akipaka siagi mkate. "Jukwaani midomo inaonwa kwa mbali, bwana. Kule watakuhesabu mpaka ndevu. Nasikia wanaona hata mtu akimeza mate."

"Watazame," Emmett akasema.

"Watatazama, na sisi tutanunua tiketi tutazame. Midomo ya Jiwe kwenye pazia kubwa kama ukuta wa kanisa! Nitakaa safu ya mbele, shemeji," akamgeukia Alvina, "nikupungie mkono."

Alvina akacheka kidogo, akamwongezea supu. Ndani ya moyo alihisi kama sindano imemkatikia kidoleni.

Asubuhi walivuka mto. Chumba cha kupigia filamu kilikuwa kikubwa, kuta zimevikwa mablanketi mazito ili sauti isirudi. Mlango ulikuwa mnene kama wa tanuri la baba yake Alvina. Taa zilining'inia juu, kali, zikitoa joto la kuyeyusha siagi, na feni hakuna kwa sababu feni inavuma. Kamera yenyewe ilifungiwa ndani ya kibanda chenye kioo, pamoja na mpigaji wake aliyekuwa akitoka kila mara akitweta, shati limelowa. Sauti ilichorwa kwenye santuri ya nta katika chumba cha juu, na nta ikishaanza kuzunguka hakuna kurudi nyuma. Ukikohoa, santuri imekufa, anzeni upya.

Mwongozaji aliitwa Kessler. Alikuwa amezoea sinema za kimya, enzi alipopiga kelele atakavyo: "Lia! Cheka! Anguka!" Sasa hata kunong'ona amekatazwa. Taa nyekundu ikiwaka, alisimama akiuma ukingo wa kofia yake, na kofia ile ilikuwa imekwisha kuliwa upande mmoja.

Walijaribu mara ya kwanza. Emmett akakaa, Ambrose gotini, Alvina kochini na kazi yake. Wakasema maneno machache tu, kengele ikalia. Fundi sauti, kijana mwembamba aliyeitwa Lindquist, akashuka ngazi mbili mbili.

"Kuna nyoka humu ndani," akasema.

"Nyoka gani?" Kessler akauliza.

"Sijui, mzee, nasikia ssss, ssss. Huyu bwana Loomis akisema, kimya. Mwanasesere akisema, nyoka anamsindikiza."

Wakapapasa mabomba. Wakazima taa moja, wakawasha, wakazima nyingine. Wakampekua Ambrose kichwani, pengine springi imelegea. Wakajaribu tena, na Lindquist akashuka tena, mikono kiunoni.

"Nyoka bado yupo. Na hayupo katikati. Yupo upande wa kochi."

Macho yote yakaenda kwenye kochi.

"Yule mama anafanya nini pale?" Kessler akauliza.

"Ni shangazi," Emmett akasema.

"Anasema nini?"

"Hasemi."

"Anachekesha?"

"Anashona."

"Basi akashone nje," Kessler akasema, wala si kwa ubaya. "Mama, samahani, pini zako au mkasi wako, kitu hicho kinatuharibia nta. Huko nje kuna benchi na kahawa. Tukifunga mlango hatakiwi mtu humu ila mchezaji."

Alvina akasimama. Alikusanya shuka lake polepole kuliko alivyowahi kukusanya kitu chochote maishani mwake. Akapita karibu na mumewe kana kwamba anaokota uzi, akanong'ona nyuma ya pini: "Sema koo linakuuma. Twende zetu nyumbani. Sema koo, Emmett, hawatajua."

Ingekuwa rahisi. Wangechukua sanduku lao, wangepanda treni, na jina lingebaki zima. Finch na wenzake wangesikia kwamba Loomis alipata homa. Alvina alimwomba kwa macho. Emmett akamtazama mke wake aliyevaa kofia ya lesi ya kizee kila jioni, naye bado si mzee. Akayatazama yale masikio yaliyojifunza kila pumzi yake. Taya lake likacheza kidogo.

"Koo limekwisha kuniuma la kutosha," akasema kwa sauti. Kisha akamgeukia Kessler. "Huyu akitoka, Ambrose anatoka naye."

"Kivipi?"

"Sauti ni yake. Yangu niliiacha Cleveland kwa daktari."

Alvina akafumba macho. Akangoja kicheko, akangoja mtu aseme tapeli.

Kessler akajikuna shingo. "Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo nini?" Emmett akauliza.

"Kwa hiyo tatizo liko wapi? Mama atoe hizo pini, asimame hapa pembeni ambapo kamera haimwoni, aseme. Mwezi uliopita nilikuwa na binti mzuri kama malaika, akifungua kinywa ni bata. Dada yake akaimba nyuma ya pazia, watu wakalia machozi. Hapa bwana, hakuna anayeuliza sauti imetoka koo la nani. Nikitaka hata mlango huu utaimba."

Alisema hivyo kuwafariji. Lakini Alvina alimwona Emmett akikaa chini kama mtu aliyepigwa. Maisha yake yote alikuwa ameifundisha midomo kutulia mbele ya kioo cha kunyolea, na alichokificha kwa aibu miaka miwili, watu hawa hawakukiona kuwa na thamani hata ya aibu.

Alvina akamwekea mkono begani. "Usimsikilize," akasema. "Anakula kofia."

Emmett akatabasamu, ikawa basi.

Alvina akazitoa pini, akazichomeka kwenye ukosi. Akasimama pembeni, chini ya maikrofoni iliyomning'inia kama buyu juu ya kichwa, akafungua kinywa kumsemesha Ambrose, na ikatoka sauti ya mwanamke. Akajaribu tena. Ikatoka sauti ya mwanamke anayeigiza mtoto. Lindquist akatoa kichwa dirishani juu akatikisa: siye. Alvina akaona haya. Tangu Cleveland hakuwahi kumtoa Ambrose kwa mdomo ulio wazi. Mdomo ulipokuwa huru, Ambrose hakuwa na mahali pa kujificha.

"Pini ndiyo nyumba yake," akamwambia mumewe. "Nikizitoa, hana kwao."

"Na ukizirudisha, nyoka," Kessler akasema kwa huzuni.

Emmett akafikiri. Akanyoosha mkono kwenye kikapu cha mke wake, akakata kipande cha uzi mweupe. "Ulipokuwa ukitunga sindano," akasema, "ulikuwa ukiubana uzi midomoni kwanza, ndipo unijibu. Hata ukiwa umeninunia. Hebu."

Alvina akaupokea, akaubana midomoni. Hauna uzito uzi, lakini midomo iliujua.

"Oyaa," ikatoka sauti. "Nani kanifunga kamba kama mbuzi?"

Juu dirishani Lindquist akainua mikono yote miwili.

Taa nyekundu ikawaka. Nta ikaanza kuzunguka. Wakaufanya mchezo wao wote, ule wa Ambrose kukataa kwenda shule kwa sababu kichwa chake tayari ni ubao. Jasho lilimtiririka Alvina mgongoni na hakulifuta. Alikuwa akimtazama mumewe ubavuni, na kwa mara ya kwanza tangu Cleveland alimwona anacheza kwa furaha, hana koti la mtu.

Walikaribia mwisho. Emmett alitakiwa aseme, "Waage watu, Ambrose," na Ambrose ajibu, "Waage wewe, mimi sijawaita." Hapo ndipo mchezo unapokwisha. Emmett akamweka Ambrose sawa gotini. Hakusema maneno hayo. Aligeuza uso kutoka kwenye kamera, akatazama pembeni kule gizani, na kuuliza kwa ile sauti yake ya mikwaruzo:

"Ambrose, nani alikufundisha kusema?"

Kessler akaikaba kofia kwa meno. Swali lile halikuwamo. Nta inazunguka, haingoji mtu. Alvina akahisi uzi ukitetemeka midomoni.

"Mshonaji mmoja," Ambrose akajibu. "Alinishonea koti, akasahau kuondoka."

"Ni mtu mzuri?"

"Ana ulimi mkali. Na ananuka pasi."

"Lakini ni mzuri?"

"Wewe una macho yako. Mimi yangu ni ya rangi tu."

Emmett akacheka. Hakikuwa kicheko cha jukwaani. Kilitoka chini, kikagonga lile koo bovu na kugeuka kikohozi, naye akaacha kitoke. Taa nyekundu ikazimika. Lindquist akashuka ngazi polepole safari hii.

"Nimewapata," akasema. "Na kikohozi pia."

"Tufanye tena?" Kessler akauliza, akijiuliza mwenyewe. Akamtazama Alvina, ambaye alikuwa amejigeuza ukutani, mabega yakimtikisika. "La," akasema. "Iacheni."

Jioni kwa Bi Hanratty ilikuwa kondoo na kabeji. Mezani walikuwa mzee Finch, akina dada wawili wa baiskeli ya gurudumu moja, na mtu wa mbwa wanaocheza dansi. Finch hakungoja hata kitambaa kikae shingoni.

"Haya, tuambie. Kamera imekutazama midomo?"

"Imenitazama," Emmett akasema.

"Haikutikisika?"

Chini ya meza Alvina akamkanyaga mumewe, kwanza taratibu, kisha kwa nguvu. Studio ni studio, wale watu hawajui kitu. Hawa hapa ndio waliolitoa lile jina.

Emmett akaweka uma chini. "Haikutikisika kwa sababu haikuwa na kazi. Aliyesema ni Alvina. Si leo tu. Tangu Cleveland, kila jioni, ni Alvina." Akafuta viganja mapajani. "Basi. Mkitaka kuhama meza, hameni. Mimi sina njaa ya kuficha tena."

Hakuna aliyehama. Mtu wa mbwa alitazama kabeji yake. Bi Hanratty alisimama mlangoni na bakuli la viazi, mdomo wazi. Finch akatafuna nyama yake taratibu, akameza, akajipangusa masharubu.

"Loomis," akasema, "mimi nikimwimbisha baharia wangu huku nakunywa maji, ni mafunda mawili madogo, la tatu linanitoka puani. Wewe pale Pittsburgh ulikunywa glasi mpaka chini, ukaomba nyingine, na kile kijiti chako kinaimba ubeti wa pili. Ulidhani mimi ni mtoto?"

Emmett akamkodolea macho. "Tangu Pittsburgh?"

"Wote," akasema mmoja wa akina dada wa baiskeli. "Tulijua wote, kaka."

"Na mkaninyamazia?"

"Mwenzio akivaa nywele za kununua," Finch akasema, "unamwambia zimempendeza. Humvuti." Kisha akamgeukia Alvina, na sauti ikabadilika, ikawa na heshima. "Lakini shemeji, nimelala macho nikifikiri. Nilikaa safu ya mbele mara tatu. Pini mdomo mzima! Maneno yale yanapita wapi?"

"Pembeni," Alvina akasema, akiona haya kama bi harusi. "Kama panya."

"Nifundishe."

"Wewe na masharubu hayo?"

Haukupita muda meza yote ilikuwa imebana vijiti vya meno midomoni, kila mtu akiomba chumvi, na Bi Hanratty akipiga kelele kwamba atakayemeza kijiti ajizike mwenyewe.

Tangu siku hiyo Emmett akapata ugonjwa mwingine. Akawa hawezi kunyamaza. Kinyozi akaambiwa. Kondakta wa treni akaambiwa. Aliyekuja kusoma mita ya gesi akasimamishwa mlangoni: "Unamwona yule mke wangu? Sikiliza." Alvina akachoka.

"Emmett, utamwambia mpaka farasi wa muuza maziwa?"

"Amekwisha jua," Emmett akasema. "Ameshangaa sana."

Jukwaani kochi likasogezwa mbele, kofia ya lesi ikatupwa, na mwisho wa mchezo wakasimama wawili, wameshikana mikono, wakainama pamoja. Haikudumu. Majumba ya michezo yalikuwa yakifungwa moja baada ya jingine, pazia la sinema likiwekwa mahali pa jukwaa, na mwaka mmoja baadaye walirudi Toledo, Alvina akafungua kibanda cha kushonea karibu na lililokuwa duka la baba yake.

Ndipo filamu yao ikafika mjini. Ilionyeshwa kabla ya ile kubwa, jina la Emmett na la Ambrose yameandikwa mwanzoni, la Alvina halimo. Walikwenda mchana, wakakaa katikati. Pembeni mwa Alvina alikaa mama mmoja mnene na mfuko wa karanga mapajani.

Emmett alitokea pazia zima, mkubwa kama ukuta wa kanisa kweli. Watu wakacheka pale pa ubao. Ilipofika mwisho yule Emmett mkubwa akageuza uso na kutazama pembeni, mahali ambapo hakuna mtu ukumbini aliyeona kitu, akauliza swali lake. Na Alvina akaitazama sura ile, kwa sababu siku ya kupigwa filamu jasho na machozi havikumruhusu kuiona vizuri. Akaitazama mpaka ikazimika.

Mama wa karanga akapiga paja. "Jamani, umeona midomo? Haikutikisika hata chembe! Mtu yule ni fundi!"

Upande wa pili Emmett, mdogo, kofia mapajani, akasogea mbele kwa furaha, akivuta pumzi. Alvina aliijua pumzi ile. Akampelekea kisigino juu ya kidole gumba cha mguu, akakiacha papo hapo.

"Nimeona, mama," akamwambia jirani yake. "Sijapata kuona mwingine kama yeye. Ni mume wangu."

"Usiniambie!"

"Kweli kabisa."

Mama yule akainama, akamchungulia Emmett gizani kutoka kichwani mpaka miguuni, akaridhika. Kisha akauchukua mfuko wa karanga kutoka mapajani mwake, akauweka kwenye mkono wa kiti, katikati yao.